Kifo cha Thelathini na Mbili

Govert Maaskamp alikuwa amekufa mara thelathini na moja, na kila kifo alikikumbuka kwa mwaka wake. Mwaka wa 1973, katika filamu yake ya kwanza, alizama kwenye mfereji mmoja wa Utrecht, kwao Uholanzi, mwezi wa Februari, na maji yalikuwa baridi hata alipoopolewa hakuweza kutaja jina lake. Mwaka wa 1977 alipigwa risasi mara mbili mbele ya ukuta ule ule: mwezi wa Machi akiwa mzalendo aliyesalitiwa, mwezi wa Oktoba akiwa afisa wa Kijerumani. Aliwahi kunyweshwa sumu na mke wa pili, kuporomoka kwenye ngazi za mahakama akiwa jaji, na kukohoa damu ya rangi ya vyakula kwa Jumapili kumi na tatu mfululizo. Kwa miaka kumi na moja alikuwa daktari wa upasuaji wa runinga, katika hospitali isiyokuwa na dari kwa sababu taa za studio zilihitaji pa kuning'inia. Watu wa kwao walimsimamisha sokoni na kufunua mashati ili wamwonyeshe uvimbe wao. Watazamaji walipopungua, waandishi wa tamthilia wakamwangusha na helikopta.

Hayo yote alimsimulia Agneta Nangila ndani ya gari, asubuhi baada ya asubuhi, kwa majuma matatu, kutoka hoteli ya Kitale hadi boma moja karibu na Chwele ambako filamu ilikuwa inapigwa. Agneta alikuwa muuguzi mstaafu. Alikuwa amefanya kazi miaka thelathini na minne katika wodi za serikali, Kitale na Bungoma, na wenye filamu walikuwa wamemwajiri awatazame: malaria, tumbo, ngozi zilizochomwa na jua. Wote walimwita Sister, hata Wazungu.

"Na wewe, Sister, umeona wangapi wakifa?" Govert alimuuliza siku ya kwanza. Waliongea Kiingereza, yeye kwa lafudhi ya kwao na Agneta kwa lafudhi ya Kimilili.

"Sikuhesabu."

"Mimi nimehesabu vyangu vyote."

Agneta hakumwambia kwamba mmoja alimhesabu. Mwaka wa 1998, kitanda cha kumi na nne, mwanamume aliyelala kwa utulivu. Alimpita mara mbili akifikiri ni usingizi. Mara ya tatu alimshika mkono, akaukuta baridi hadi kiwikoni. Tangu siku hiyo hakuamini macho yake juu ya mtu aliyelala. Kila mara alimgusa, akahesabu sekunde sitini kamili, si kumi na tano akizidisha kwa nne kama walivyofanya wengine.

Ndiyo maana Alhamisi ya juma la tatu, saa kumi alasiri, pale kwenye baraza la hoteli, alimshika Govert mkono wakati mzee alipokuwa akizungumza, akatazama saa. Mapigo mia moja na kumi na mbili, yasiyofuatana. Alibonyeza kifundo cha mguu kwa kidole gumba. Shimo lilibaki, akahesabu tano kabla halijajaa. Alimbana kidoleni kile kifaa cha kupimia oksijeni. Tisini. Kitale iko juu, na mtu mzima mwenye afya anaweza kusoma tisini na nne bila kuwa na shida yoyote, lakini tisini haikuwa ya mwinuko.

"Unalalia mito mingapi?"

"Hoteli hii ina mito mizuri."

"Govert. Mingapi?"

"Mitatu," alisema. "Jana minne."

Alikuwa na miaka sabini na minane. Moyo ulikuwa unashindwa kusukuma, na maji yalikuwa yanapanda kifuani. Hapakuwa na fumbo lolote. Agneta alimweleza kwa sentensi tatu na kumwambia kwamba wangekwenda kwa daktari saa ile ile.

"Daktari ataandika barua," Govert alisema. "Barua itafika kwa watu wa bima, na kesho asubuhi Saskia ataambiwa anitoe." Saskia alikuwa mwongozaji wa filamu, mwanamke wa miaka arobaini na kitu, asiyepaza sauti. "Imebaki siku moja. Tukio moja. Nazikwa. Sisemi, sitembei. Ni kazi gani nyepesi kuliko hiyo?"

"Kulala chali ndiyo kazi mbaya kuliko zote kwako sasa. Ukilala chali maji yanasambaa kwenye mapafu."

"Kwa dakika tatu?"

Agneta alikitoa kile kifaa kidoleni mwake.

"Nikirudi Uholanzi wataniweka kwenye kiti karibu na dirisha," alisema. "Dirisha zuri. Nipe kesho, Sister. Baada ya hapo nipeleke unakotaka."

Agneta hakuwa mtu wa kuamua mambo kwa huruma. Lakini mwaka mmoja na nusu uliopita, Ijumaa moja, siku ya kustaafu kwake, yeye mwenyewe alikabidhi funguo za kabati la dawa kwa msichana ambaye hakuinua macho kutoka kwenye simu, na alilijua hilo dirisha. Akaweka masharti. Ubao uwekwe chini ya mgongo wake ndani ya jeneza, ufichwe na kitambaa, ili kifua kiinuke. Asilale kabla kamera haijawa tayari. Dakika tatu, si zaidi. Mtungi wa oksijeni uwe garini na dereva asiondoke kwenye usukani. Na uzi.

"Uzi gani?"

"Wa katani. Nitaufunga kwenye kidole chako kikubwa cha mguu, upitie tundu la hewa miguuni, mwisho wake niushike mimi. Kila sekunde kumi unavuta. Ukikosa mara tatu, nasimamisha kila kitu."

Govert alicheka hadi akakohoa. "Nimefanya kazi na waongozaji arobaini. Hakuna aliyewahi kunifunga kama mbuzi."

Akakubali. Agneta aliandika vipimo kwenye daftari lake, saa na tarehe, na kwa mara ya kwanza katika miaka thelathini na minne hakuvipeleka kwa mtu yeyote.

Filamu yenyewe ilihusu Mholanzi mmoja wa kubuni, mtaalamu wa mbegu za mahindi, aliyefanya kazi Trans-Nzoia maisha yake yote na kuomba azikwe kwa rafiki yake badala ya kurudishwa kwao. Boma la rafiki huyo lilikuwa boma la Mzee Mukhisa, mkulima wa miaka themanini, na kaburi lilikuwa lichimbwe nyuma ya nyumba yake halisi. Mukhisa alikuwa amekubali. Alitoa sharti moja tu, mbele ya mashahidi: kaburi lichimbwe asubuhi ya tukio na lizibwe jioni ya siku hiyo hiyo, na kwa kuwa hapatakuwa na mtu wa kuzikwa, uzikwe mgomba. Ndivyo inavyofanywa huko. Kaburi lililochimbwa halirudishiwi udongo hivi hivi. Likikosa mwenyewe hupewa mgomba, urefu wa mtu, na mambo yanaishia hapo.

Saskia alisikia sharti hilo, akaona ni jambo la ratiba. Ijumaa alihitaji mwanga wa saa tatu asubuhi, na udongo wa Chwele ni mgumu. Akaagiza wachimbaji waanze Alhamisi. Walimaliza saa kumi na mbili jioni, wakaweka majembe begani, wakaenda zao. Hakuna aliyefikiri kumwambia Mukhisa, ambaye alikuwa sokoni akiuza ndama.

Ijumaa walipofika bomani saa mbili asubuhi, walimkuta mzee amekaa kwenye kiti cha plastiki ukingoni mwa kaburi. Koti lake lilikuwa limelowa umande mabegani. Wanakijiji hamsini waliokuwa wamekodiwa waje kulia walikuwa wamesimama nje ya ua, na hakuna hata mmoja aliyevuka lango.

Shafi, mwenyeji wa Bungoma mjini aliyekuwa mratibu wa kila kitu kuanzia jenereta hadi chapati, alitangulia.

"Mzee, habari ya asubuhi. Mbona tunakaa kwa baridi hivi?"

"Nilisema nini?" Mukhisa hakugeuka. "Nilisema lichimbwe asubuhi. Limelala wazi."

"Ni mambo ya mwangaza, mzee. Ile jua ya asubuhi ndio kamera inataka."

"Wewe ulikuwa umelala kwako, na bibi. Mimi nimelinda shimo."

"Lakini mzee wangu, hii ni ya sinema tu. Si kaburi."

"Refu kama mtu. Pana kama mtu. Nyuma ya nyumba ya mtu." Sasa aligeuka. "Wewe unaita nini? Choo?"

Watu wa nje ya ua walicheka, kicheko kifupi kilichokatika mara moja. Mwanamke mmoja akasema kwa sauti, "Si lizibwe tu, bana. Likilala wazi linataka mtu."

Agneta alisimama nyuma ya Shafi akiwa na mfuko wake wa dawa. Alizaliwa kilomita kumi kutoka hapo na alikuwa amesikia maneno hayo tangu utotoni. Hakuyaamini. Shimo ni shimo, na udongo hautaki kitu. Lakini palikuwa na watu sitini bomani na nje ya ua, na kati yao yeye peke yake ndiye aliyejua ni nani alikuwa karibu zaidi na kuingia humo. Mikono ilimlowa jasho. Akaipangusa kwenye gauni jeusi la matanga alilokuwa amevaa ili aweze kusimama kaburini bila kuonekana mgeni.

Govert alishuka garini. Walikuwa wamemvika suti ya marehemu. Alitembea polepole kwenye nyasi, na Agneta aliona kwamba kila hatua tano alisimama, akijifanya anatazama mlima Elgon. Alijifanya vizuri sana. Mtu mwingine yeyote angeamini kwamba mzee huyo anapenda milima.

"Huyu ndiye wa kuingia?" Mukhisa alimuuliza Shafi.

"Ndiye, mzee."

"Muulize amekufa mara ngapi. Nasikia ni kazi yake."

Shafi aliuliza. Govert alionyesha vidole, kumi, kumi, kumi na kimoja.

"Na kaburini ameingia mara ngapi?"

Govert alitafsiriwa swali hilo. Kisha akasema, kana kwamba jambo hilo lilikuwa halijawahi kumpitia akilini, "Hakuna hata mara moja. Huwa wanakata picha kabla. Nakufa, wanakata, naenda kunywa kahawa."

Shafi alitafsiri. Mukhisa alimtazama Mholanzi huyo kwa muda mrefu, toka viatu hadi nywele, kama alivyomtazama ndama kabla ya kumpeleka sokoni.

"Mtu huyu anachoka," alisema. "Mwambieni huyo mama wa kamera mgomba uletwe sasa. Ulazwe hapa, kando ya shimo, shimo liuone. Akishatoka yeye, unaingia huo. Bila hivyo hakuna mtu atavuka lango langu."

Saskia alikubali mara moja, akaomba tu mgomba usionekane kwenye picha. Wanaume wawili walikata mmoja shambani na kuuleta, mweupe na wenye kutoa maji pale ulipokatwa, wakaulaza kwenye nyasi. Watu wakavuka lango. Mukhisa mwenyewe akashika kamba moja kati ya nne za kuteremshia jeneza. Hakuombwa.

Jeneza lilikuwa la saipresi, lililotengenezwa Chwele, na kama majeneza mengi ya huko lilikuwa na kidirisha cha kioo juu ya uso. Tukio lote lilitegemea kioo hicho. Kamera ilikuwa imefungwa juu ya kaburi, ikitazama chini, na ingemfuata Govert kupitia kioo tangu jeneza likiwa juu hadi lifike chini, bila kukata. Asubuhi ilikuwa na baridi. Pumzi moja ya kawaida ingetia ukungu kwenye kioo, na mara moja kila mtazamaji angejua kwamba maiti anapumua.

"Ndiyo siri ya kufa," Govert alikuwa amemwambia Agneta garini, akifurahi kama mtoto anayeonyesha jino lililong'oka. "Watu hufikiri ni kufunga macho. Macho ni rahisi. Ni pumzi, na mshipa wa shingo. Pumzi unaipitisha puani, kidogo, chini kuelekea kifuani. Mshipa unauficha kwa kola. Halafu unaacha uso. Unauacha tu, kama mtu anayetoka nyumbani bila kufunga mlango."

Sasa Agneta aliinama juu ya jeneza lililo wazi na kufunga uzi kwenye kidole cha mguu. Mguu ulikuwa umevimba kuliko jana. Alikipima kidole cha mkono kwa mara ya mwisho. Themanini na tisa.

"Tuache," alimnong'oneza. "Niko tayari kusema ni mimi niliyekataza."

"Dakika tatu."

"Kila sekunde kumi."

"Kila sekunde kumi, Sister."

Akalala. Agneta aliona jinsi kifua kilivyopigana na jambo hilo, mara mbili, tatu, kisha kikatulia kwa nguvu ya mwenyewe. Kifuniko kikawekwa. Skrubu mbili kati ya nne zikafungwa. Shafi, aliyekuwa hajui kitu, alimwegemea Agneta akipita. "Sister leo umependeza. Ukilia usilie sana, wataniuliza ni nani amekupiga."

Saskia aliinua mkono.

Waombolezaji walianza. Wanawake wa Chwele hawakuhitaji kufundishwa kulia, na sauti zao zikapanda. Alikuwa miguuni mwa jeneza, kichwa kimeinama, uzi umezungushwa mara mbili kwenye kidole cha shahada. Alihesabu. Kumi: uzi ukavutwa. Kumi: ukavutwa. Watu walipita mmoja mmoja kutazama kwenye kioo. Kumi. Kumi. Kioo kilikuwa safi. Uso chini yake ulikuwa umeachwa, kinywa wazi kidogo upande mmoja, macho nusu, na Agneta, aliyeona nyuso kama hizo maisha yake yote, alilazimika kuutegemea uzi ili asiamini. Kumi. Kumi. Kumi.

Mara saba. Wanaume wanne wakainua jeneza, wakaanza kuliteremsha.

Sasa ilibidi awe anaachia uzi kidogo kidogo kadiri jeneza lilivyoshuka, na hapo ndipo alipoogopa kwamba asingeweza kutofautisha mvuto wa kidole na mvuto wa jeneza. Alihesabu kumi. Hakuna. Pengine ulikuwepo na ukapotea katika kushuka. Aliukaza uzi hadi ukamkata ngozi. Kumi tena. Alisikia mtikisiko wa mbao dhidi ya udongo, lakini huo haukuwa mguu wa mtu. Aliinua macho kwa Saskia, na Saskia alikuwa amefunika mdomo kwa mkono, macho yametoka, si kwa hofu bali kwa furaha. Alikuwa anaona kifo kizuri kuliko vyote alivyowahi kupiga.

Nane. Tisa. Kumi.

Mara tatu.

Agneta alijua anachopaswa kufanya, na kwa muda wa pumzi mbili hakukifanya. Baadaye alizipima pumzi hizo mara nyingi. Alikuwa akifikiri: miaka hamsini na zaidi mtu huyu ameishi kwa kuwafanya watu kama mimi wasijue. Nikipiga kelele naye yuko sawa, nimemnyang'anya. Kisha akatazama chini kwenye kioo. Kilikuwa safi, safi kabisa, kama kioo cha kabati lisilo na kitu. Kitanda cha kumi na nne pia kilikuwa kimetulia hivyo.

"Simamisheni!" alipiga kelele. "Vuteni! Vuteni juu!"

Waombolezaji walidhani ni sehemu ya kilio, wakazidisha. Watu wawili kwenye kamba walimtazama Saskia wakingoja amri. Aliyevuta alikuwa Mzee Mukhisa. Aliikaza kamba yake kwa miaka yake themanini yote, akafoka kwa Kibukusu, na wale watatu wakavuta kwa sababu upande mmoja ulikuwa tayari unapanda na jeneza lingepinduka.

Skrubu mbili. Fundi wa jeneza alikawia, Shafi akamnyang'anya bisibisi. Kifuniko kilipotoka, Govert alikuwa wa rangi ya jivu, midomo ya buluu, na povu jembamba la waridi kwenye pembe ya kinywa. Hiyo haikuwa rangi ya vyakula. Agneta aliweka vidole shingoni, ndani ya kola. Mapigo yalikuwepo, mengi na membamba, kama kitu kinachotikiswa ndani ya kopo.

"Mkalisheni! Miguu itoke nje, ining'inie. Shafi, gari!"

Walimkalisha ukingoni mwa jeneza lake, miguu kwenye nyasi, uzi bado umefungwa kidoleni. Oksijeni ilipomfikia usoni alivuta pumzi moja yenye sauti ya maji yanayochemka, na mwanamke aliyekuwa karibu zaidi akakimbia hadi ng'ambo ya ua na hakurudi siku hiyo.

Kutoka Chwele hadi hospitali ya Bungoma ni kama kilomita ishirini na tano. Agneta alimshikilia wima njia nzima, mgongo wa mzee kifuani mwake, akimhesabia pumzi kwa sauti. Hakuomba Mungu. Alikuwa anahesabu na aliogopa kwamba akiacha kuhesabu ili aombe, kitu kingeteleza. Walipopokewa alitoa daftari lake na kumpa daktari wa zamu ukurasa wa Alhamisi.

Daktari alisoma, akainua macho. "Hivi vipimo ni vya jana, Sister."

"Ni vya jana."

"Na leo alikuwa kazini?"

"Ndiyo. Andika kwamba mimi nilijua."

Daktari aliandika.

Walimtoa lita tatu za maji kwa siku mbili, na siku ya tisa aliruhusiwa arudi hotelini Kitale angoje ndege, pamoja na barua ambayo kwa vyovyote iliwafikia watu wa bima. Agneta hakuajiriwa tena na filamu hiyo, wala hakutarajia. Alikwenda kumtembelea kwa hiari yake, asubuhi, akiwa na mfuko wake.

Govert alikuwa amekaa barazani, akiwa amepungua saizi mbili za suti.

"Niambie kilichotokea baada ya mimi kuondoka," alisema. "Saskia ananitumia maua tu."

"Mzee Mukhisa alikataa watu waondoke. Alisema jeneza limeshashuka nusu na kupanda, na sasa shimo limedanganywa. Wakauweka mgomba ndani ya jeneza, wakafunga skrubu zote nne, wakateremsha. Saskia akasema kamera iendelee."

"Na waombolezaji?"

"Shafi anasema hawajawahi kulia vile. Walikuwa wamekuona."

Govert alilifikiria hilo. "Kwa hiyo uso ni wangu hadi katikati ya shimo, na kutoka hapo ni mgomba."

"Ndiyo."

"Na mgomba uliigiza vizuri?"

"Haukupumua hata mara moja."

Alicheka, kwa uangalifu, mkono kifuani. Kisha Agneta akauliza lile lililomleta. Alikuwa ameliuliza kichwani kwa siku tisa, akiwa jikoni, akiwa kanisani.

"Uzi. Mara saba ulivuta. Kwa nini uliacha?"

Govert alitazama bustani. Hakujifanya anatazama mlima.

"Nilipovuta mara ya saba nilihisi shavu limecheza. Kidogo tu. Kidole cha mguu kinafika mbali, hujui hadi ujaribu kufa nacho. Nikasema, mara ya nane naiacha. Moja tu. Agneta atanisamehe moja." Ilikuwa mara ya kwanza kumwita kwa jina. "Halafu ya tisa nilitaka kuvuta. Nilitaka sana. Niliusikia mguu uko kule, ni wangu, na sikuweza kuupata. Niliwaona nyote juu yangu kupitia kioo. Nilijua naonekana vizuri mno. Nikafikiri, hawa hawatajua. Nimewazoesha."

Agneta alipangusa viganja kwenye gauni. Mikono yake ilikuwa imelowa tena, ile ile.

"Hiyo ni ya thelathini na mbili?" Govert aliuliza.

"Hapana. Aliyezikwa ni mgomba. Wewe umebaki na thelathini na moja."

Akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyesahihishwa tarehe. Agneta alimshika mkono, akatazama saa, akaanza sekunde zake sitini. Jua lilikuwa limefika barazani, na Govert, aliyechoka kwa kuongea, aliegemeza kichwa na kufumba macho. Uso ukalegea. Mapigo yalikuwa chini ya vidole vya Agneta, themanini na mbili, yakifuatana vizuri; aliyasikia, aliyahesabu, hapakuwa na shaka yoyote.

"Fumbua macho," alimwambia.